Setilaiti haina kipimajoto: tuelewane inavyoichunguza tabianchi na mazingira ya dunia

#1 PikseliMoja (mleta uzi)

Wakuu, salamu.

Kila joto likizidi huwa inazunguka mitandaoni ile ramani nyekundu kama kaa la moto, chini yake pameandikwa "setilaiti imepiga picha ya joto, nyuzi 55". Watu wanashtuka, wanasambaza. Halafu anajitokeza mjuaji mmoja, anatazama kipimajoto chake kinasoma 38, anahitimisha kwamba tunadanganywa. Msambazaji na mjuaji wote wamekosea mahali pale pale, ndiyo maana nimeleta uzi huu.

Setilaiti haina kipimajoto. Haina ndoo ya kukingia mvua wala rula ya kupimia bahari. Iko mamia au hata maelfu ya kilomita juu ya vichwa vyetu, na kwa kawaida kazi inayofanya ni moja kati ya mbili: kupokea mionzi inayopanda kutoka chini, au kutuma mawimbi yake yenyewe na kusikiliza yanavyorudi. Basi. Joto, mvua, misitu, barafu, hewa ukaa, hayo yote ni hesabu zinazofanywa baadaye na watu waliokaa kwenye viti. Hiyo ramani nyekundu ni joto la ngozi ya ardhi: lami, mchanga, mabati. Kipimajoto cha kituo cha hali ya hewa kiko kivulini, kimeinuliwa juu ya ardhi, kinapima hewa. Kanyaga lami pekupeku saa nane mchana, tofauti utaielewa mwenyewe.

Zipo za aina mbili kuu. Ya kwanza inakaa kilomita 35,786 juu ya ikweta na kuzunguka sawasawa na dunia, kwa hiyo ukiitazama kutoka chini ni kama imegandishwa mahali pamoja. Meteosat za Ulaya ni za kundi hili. Zinatuma picha kila baada ya dakika 10 au 15, na ndizo zinazotuonyesha mawingu yakitembea kwenye taarifa ya habari. Ya pili iko chini zaidi, kilomita 700 hadi 800 hivi, inapita karibu na ncha ya kaskazini na ya kusini, mzunguko mmoja kama dakika 99. Huku chini dunia inajizungusha, kwa hiyo kila mzunguko unaangukia ukanda mwingine, kama mtu anavyomenya chungwa bila kuinua kisu.

Hapa kuna jambo lililonifurahisha nilipolielewa. Hizi za pili zinapangwa zipite kila mahali kwa saa ile ile ya jua. Landsat za Marekani, kwa mfano, hupita mnamo saa nne asubuhi, leo, mwezi ujao na mwaka ujao. Bila hivyo ungelinganisha picha ya asubuhi na ya jioni ukadhani msitu umebadilika kumbe ni vivuli vimerefuka. Na hakuna injini inayofanya kazi hiyo. Dunia ina kitambi pale ikweta, na mvuto wa hicho kitambi unaugeuza mzingo wa setilaiti karibu nyuzi moja kila siku, kadiri ile ile dunia inayosogea kulizunguka jua. Wahandisi walichofanya ni kuchagua mwinamo unaofaa, nyuzi 98 hivi, mengine wakayaachia maumbile.

Sasa tuchukue pikseli moja, yaani nukta moja ya picha, tuone kazi inavyofanyika. Jani lenye afya linameza mwanga mwekundu kwa ajili ya kutengeneza chakula chake, lakini mwanga wa infraredi ulio jirani na mwekundu, ambao jicho letu haliuoni, linaurudisha kwa wingi. Tuseme pikseli yako imerudisha asilimia 4 ya mwanga mwekundu na asilimia 40 ya infraredi. Toa: 36. Jumlisha: 44. Gawanya: 0.82. Hapo pana majani mengi. Pikseli ya jirani imerudisha 20 na 26. Tofauti ni 6, jumla 46, jibu 0.13. Hapo ni udongo au nyasi zilizokauka. Kipimo hicho kinaitwa NDVI. Hesabu ya darasa la tano, na ramani nyingi za ukame mnazoziona zimeegemea hapo.

Ila isikudanganye kwa wepesi wake. Mara ya kwanza kuifanya peke yangu niliona mabaka meusi yenye namba ndogo, nikayaandika "eneo lililoungua", nikapiga hekta zake, nikatuma kazi kwa kujiamini kabisa. Aliyepokea alinijibu kwa swali moja: "Kwa nini moto umeunguza maumbo yanayofanana na mawingu yaliyo pembeni yake?"

Vilikuwa vivuli vya mawingu.

Tuendelee, maswali yanakaribishwa.

#2 Msomaji Kimya

Nimekaa siti ya mbele. Sisi tunaosoma bila kukomenti tuko wengi, usikate tamaa mkuu.

Swali: mafuriko huja na mawingu. Kama kivuli tu cha wingu kimekuangusha, siku ya mafuriko setilaiti inaona nini?

#3 FundiRada

Hili niachieni, ndiyo ugali wangu.

Siku ya mafuriko kamera haina kazi. Hapo inaingia rada. Sentinel-1 ya Ulaya, ya kwanza ilirushwa Aprili 2014, inatuma mawimbi yenye urefu wa sentimita 5.5 hivi. Wingu kwake ni kama halipo, na usiku ni sawa na mchana kwa sababu taa amekuja nayo mwenyewe.

Maji yaliyotulia ni kioo. Rada inapiga kwa upande, si wima, kwa hiyo wimbi likigonga maji linaruka kwenda mbele, halirudi. Pale penye maji picha inatoka nyeusi tii. Ardhi yenye mawe, nyasi na vichaka inatawanya wimbi kila upande, kidogo kinarudi, inatoka kijivu. Unachukua picha ya kabla na ya baada, unatafuta palipokuwa kijivu pakawa peusi.

Lakini sikiliza mtego wake. Msitu uliofurika hauwi mweusi, unakuwa mweupe zaidi kuliko kawaida! Wimbi linagonga maji, linaruka hadi kwenye shina la mti, kutoka kwenye shina linarudishwa moja kwa moja kwa setilaiti. Asiyejua ataandika "hapa pakavu" wakati watu wako juu ya miti. Upepo nao ukipuliza juu ya maji uso unachafuka, weusi unapotea. Na uwanja wa ndege, ile lami laini ya kurukia, hutoka mweusi kama ziwa. Nimeshaona ripoti ya mtu (simtaji) yenye "ziwa" jembamba lililonyooka kama rula.

#4 KambaNdefu

Naomba nipingane kidogo, msinitolee povu.

Mleta mada amekiri mwenyewe kwamba kila kitu ni hesabu za watu waliokaa kwenye viti. Basi hizo hesabu zinapikika. Mfano mnaujua: tundu la ozoni. Setilaiti ilikuwa juu tangu 1978, na kompyuta zikawa zinatupa namba kwa sababu zilikuwa ndogo kuliko walivyotarajia. Waliogundua ni watu wa chini na mtambo wao wa kizamani. Sasa mtu aamini nini?

#5 Mama_Ramani

KambaNdefu mwanangu, kisa hicho nusu yake ni kweli, nusu ni hadithi iliyopokezanwa hadi ikanona.

Kweli: waliotangulia kuchapisha, Mei 1985, ni Joseph Farman, Brian Gardiner na Jonathan Shanklin wa taasisi ya Uingereza inayoitafiti Antaktika. Walitumia vipimo vya kituo cha Halley, mtambo uliotazama angani kutoka ardhini mwaka baada ya mwaka tangu miaka ya 1950. Kweli pia kwamba Nimbus-7 ilikuwa juu tangu 1978 na kifaa chake cha kupima ozoni.

Hadithi: kwamba data zilitupwa. Hazikutupwa. Programu ilikuwa ikikuta namba ndogo mno, chini ya 180 kwa kipimo cha Dobson, inaiwekea alama ya "chunguza", namba inabaki. Na wahusika walichunguza! Walipoona alama zimejaa walienda kulinganisha na kituo cha ardhini kilichoko Ncha ya Kusini. Sasa angalia bahati mbaya: kituo hicho kilikuwa kinatoa namba za juu kimakosa. Shahidi wa ardhini ndiye aliyekuwa amekosea, setilaiti ilikuwa sahihi. Wale wa Halley walipochapisha, data za setilaiti zikaonyesha kitu ambacho Halley peke yake isingeweza: kwamba si shimo juu ya kituo kimoja, ni eneo lenye ukubwa wa bara zima. Miaka miwili baadaye, 1987, ukasainiwa Mkataba wa Montreal wa kulinda ozoni.

Kwa hiyo ukiniuliza mtu aamini nini, nitakwambia asimwamini shahidi mmoja, awe juu au chini.

#6 KambaNdefu

Hilo nimelipokea Mama, sikulijua. Ila ninalo la pili. Miaka ya tisini setilaiti hizo hizo zilisema anga halipati joto, vituo vya ardhini vikasema linapata. Ghafla zikarekebishwa zikakubaliana. Hilo nalo ni hadithi?

#7 PikseliMoja

Hilo si hadithi, na ni swali zuri kuliko unavyodhani. Kukwepa itakuwa dhambi.

Roy Spencer na John Christy walichapisha mwaka 1990 joto la anga kwa kutumia vifaa vinavyopokea mawimbi ya mikrowevu yanayotolewa na oksijeni. Oksijeni ikipata joto inatoa zaidi. Wazo zuri kabisa. Namba zao zikaonyesha kupanda kidogo sana, na mabishano yakadumu zaidi ya miaka kumi.

Kosa la kwanza lilianikwa 1998 na Frank Wentz na Matthias Schabel. Hata huko juu kuna hewa kiasi, nyembamba lakini ipo, na inaisugua setilaiti hadi inashuka polepole. Ikishuka, pembe ya kutazamia pembeni inabadilika, na kwenye hesabu ile badiliko hilo linaonekana kama anga limepoa. Kosa la pili lilitoka hadharani 2005, Carl Mears na Wentz. Saa ya kupita ilikuwa inateleza: setilaiti iliyoanza kupita mchana ikawa, miaka inavyokwenda, inapita jioni. Jioni kuna baridi kuliko mchana, kwa hiyo lazima uondoe tofauti hiyo. Waliiondoa, lakini alama ya hesabu ilikuwa imegeuka, palipotakiwa kujumlishwa pakatolewa. Spencer na Christy wenyewe walikiri na kurekebisha.

Angalia lakini kosa limepatikanaje. Wentz na wenzake walichukua data zile zile, wakarudia hesabu yote toka mwanzo, wakasema hapa na hapa hapako sawa. Kama kupika, jiko lilikuwa wazi na mpishi wa pili aliingia kuonja. Mimi binafsi huamini zaidi rekodi iliyowahi kushikwa makosa hadharani kuliko ile ambayo hakuna aliyejaribu kuivunja.

#8 Baharia77

Uzi umeenda shule huu.

Mimi maisha yangu ni bahari. Naambiwa setilaiti zinasema usawa wa bahari unapanda milimita tatu na kitu kwa mwaka. Milimita! Mimi nikiwa ndani ya chombo mawimbi yananipandisha mita mbili kabla sijamaliza kupiga chafya. Milimita tatu mnaitoa wapi?

#9 PikseliMoja

Swali hili nilikuwa nalisubiri.

Mwezi Agosti 1992 Marekani na Ufaransa walirusha TOPEX/Poseidon, kilomita 1,336 juu. Kazi yake ilikuwa kuelekeza rada wima, kutuma mpigo na kupima muda wa kwenda na kurudi. Mwendo ni wa mwanga, kwa hiyo safari nzima inachukua kama elfu tisa za sehemu ya milioni ya sekunde. Ukikosea milimita tatu za urefu umekosea muda kwa sehemu ishirini za trilioni moja ya sekunde. Na ni kweli kabisa, mpigo mmoja hauwezi usahihi huo. Hakuna aliyesema unaweza.

Mawimbi yako hayo ya mita mbili: mpigo wa rada haugusi wimbi moja, unatua kwenye duara lenye upana wa kilomita kadhaa, lenye maelfu ya vilele na mabonde kwa pamoja. Vilele vinajibu kwanza, mabonde baadaye, kwa hiyo mwangwi unarudi ukiwa umepanda kwa mteremko badala ya kupanda ghafla. Bahari ikitulia mteremko unakuwa mkali, ikichafuka unalala. Katikati ya mteremko ni usawa wa maji, na kulala kwake kunakupa urefu wa mawimbi. Yaani kinachokusumbua wewe chomboni ndicho wanachokipima bure humo humo!

Kisha zinaanza kazi za kuchosha. Mvuke wa maji angani unalichelewesha wimbi, kwa hiyo kuna kifaa cha pembeni cha kupima mvuke. Tabaka la juu lenye umeme nalo linachelewesha, kwa kiasi tofauti kulingana na masafa, kwa hiyo wanatuma masafa mawili na kulinganisha. Setilaiti yenyewe iko wapi hasa? Inafuatiliwa kwa leza na redio kutoka ardhini. Maji kupwa na kujaa, mgandamizo wa hewa, vyote vinaondolewa. Baada ya yote hayo kipimo kimoja bado kina kosa la sentimita kadhaa. Lakini baada ya siku 10 imeshapita karibu bahari zote na kurudi pale pale, vipimo ni mamia ya maelfu, na makosa ya kupanda na kushuka yanafutana kwenye wastani. Milimita inatoka kwenye wingi.

Makosa yasiyofutana ndiyo ya kuogopa, kifaa kikianza kuchoka upande mmoja. Ndiyo maana namba zinalinganishwa kila wakati na vipimio vya maji vilivyofungwa pwani na bandarini. Na setilaiti mpya hairushwi ile ya zamani ikishakufa. Jason-1 ilipopanda 2001 iliwekwa ikimtangulia TOPEX kwenye njia ile ile, zinapima maji yale yale zikiwa zimepishana kwa dakika moja hivi, hadi ijulikane mpya inasoma juu au chini kwa kiasi gani. Kijiti kikapokewa na Jason-2 mwaka 2008, Jason-3 mwaka 2016, na Sentinel-6 Michael Freilich iliyorushwa Novemba 2020. Jumla tangu 1993 bahari imepanda kama sentimita 10, na kasi ya sasa ni kubwa kuliko ya miaka ile ya mwanzo.

#10 Baharia77

Nimesoma mara mbili. Hapo pa mteremko wa mwangwi umenimaliza. Nakupigia saluti.

#11 FundiRada

Niongeze shahidi mwingine, maana KambaNdefu anapenda mashahidi (na mimi nampenda kwa hilo).

GRACE. Zilirushwa mbili, Machi 2002, moja inaifuata nyingine kwa umbali wa kilomita 220 hivi. Waliokuwa kazini walizipa majina ya utani Tom na Jerry. Hazikuangalia chini kabisa! Kila moja ilikuwa inaangalia mwenzake tu na kupima umbali kati yao kwa usahihi wa elfu moja ya milimita. Ya mbele ikikaribia mahali penye uzito mwingi, mfano barafu nene, inavutwa kwanza, umbali unaongezeka. Ikipita na ya nyuma ikafika, umbali unapungua. Kwa kuchezacheza huko wakawa wanaupima uzito wa dunia, mwezi kwa mwezi.

Greenland imekuwa ikipoteza kadiri ya tani bilioni 270 za barafu kwa mwaka. Kaskazini-magharibi mwa India, maji ya chini ya ardhi yanavyonyonywa kwa umwagiliaji yalionekana kutoka angani, maji ambayo hakuna kamera inayoweza kuyaona. Kasoro yake ni kwamba haioni kidogo: kitu chini ya kilomita mia tatu hivi kwake ni ukungu. Usimuulize habari za kisima chako.

Ushahidi wenyewe sasa. Bahari inapanda kwa sababu mbili kubwa, maji yanayoongezeka kutoka kwenye barafu na maji yanayotanuka kwa joto. GRACE inapima la kwanza. La pili linapimwa na maboya ya Argo, karibu elfu nne, yanayozama hadi mita 2,000 na kuibuka kila baada ya siku 10. Jumlisha majibu hayo mawili, unakaribia sana jibu la rada ya Jason. Mitambo mitatu isiyotumia fizikia moja. (Jina Argo lilichaguliwa makusudi, ndiyo merikebu ya Jason kwenye ngano za Wagiriki. Wanasayansi nao wana mambo yao.)

#12 Njiwa Mtulivu

Mmekuwa wazito sana, ngoja nichangamshe.

Mwaka 1976 wataalamu wa ramani wa Kanada walikuwa wanapitia picha za Landsat 1 za pwani ya Labrador, wakaona nukta pasipo na kitu kwenye ramani. Mtu wao, Frank Hall, akateremshwa kwa kamba kutoka kwenye helikopta akahakikishe. Kabla hajakanyaga, dubu mweupe aliyekuwa amelala pale juu akamrushia kofi. Kisiwa chenyewe kilikuwa na upana wa mita 25 na urefu wa 45. Wakakiita Kisiwa cha Landsat.

Na jingine: makundi ya pengwini wa emperor huko Antaktika yametafutwa kwa Landsat, utafiti ulitoka 2009. Pengwini mmoja haonekani kwenye pikseli ya mita 30. Kinachoonekana ni doa la kahawia juu ya barafu nyeupe. Ndiyo, ni kinyesi. Sayansi ya anga za juu imefika huko.

#13 Msomaji Kimya

Dubu kampiga mtaalamu kofi 😂 nimecheka peke yangu.

Nirudi kwenye jambo linaloniuma. Kama tunaona kila kitu, mbona misitu inaendelea kukatwa?

#14 Mama_Ramani

Kwa sababu kuona si kuzuia.

Angalia Brazili, maana wao wana rekodi ndefu. Taasisi yao ya anga, INPE, inapima ukataji wa Amazoni kila mwaka tangu 1988. Mwaka 2004 walipima zaidi ya kilomita za mraba 27,000. Mwaka huo huo wakaanzisha mfumo wa pili, DETER, wa haraka, picha zenye ukungu zaidi lakini zinazomfikia askari wa misitu wakati mti bado una majani. Ukaja na faini, ukamataji, kunyimwa mikopo kwa mashamba yaliyokata. Mwaka 2012 ukataji ulishuka hadi 4,600 hivi. Kisha usimamizi ukalegezwa na mwaka 2021 ukapanda tena kupita 13,000. Setilaiti zilikuwepo wakati unashuka, zilikuwepo wakati unapanda. Mwaka 2019 mkurugenzi wa INPE, Ricardo Galvão, aliondolewa kazini baada ya kutofautiana na rais juu ya namba hizo. Namba zenyewe zikabaki.

Na mkiangalia ramani za moto, nawaomba: kila nukta nyekundu si moto uliosimama pale pale. Ni katikati ya pikseli, na pikseli ya kifaa cha MODIS ni kilomita nzima, ile ya VIIRS mita 375. Moto mdogo mno kuliko pikseli unaonekana kwa sababu kitu chenye joto kali hung'ara kupita kiasi kwenye infraredi ya kati. Ila mwenge wa kuchomea gesi kwenye visima vya mafuta nao hung'ara hivyo hivyo.

#15 FundiRada

Niseme na la huzuni kidogo. Tunazungumza kama vile mitambo hii ipo tu. Landsat 6 haikufika kwenye mzingo, 1993. CryoSat ya kwanza, ya kupima barafu, ilipotea wakati wa kurushwa 2005, ikabidi ijengwe nyingine iliyopanda 2010. OCO, ya hewa ukaa, 2009: kifuniko cha pua ya roketi kilikataa kuachia, uzito ukazidi, ikarudi baharini karibu na Antaktika. Miaka mitano hadi pacha wake akafika juu. GRACE ilikoma 2017, mrithi akapanda Mei 2018, kwa hiyo kwenye kila grafu ya barafu kuna pengo la karibu mwaka ambalo hakuna atakayelijaza tena. Sentinel-1B ilikufa umeme Desemba 2021. MethaneSAT, ya kupima gesi ya methani, ilipanda Machi 2024, mawasiliano yakakatika Juni 2025.

Kwa upande mwingine kuna Landsat 5. Ilirushwa 1984 kwa mpango wa miaka mitatu. Ilizimwa 2013.

#16 KambaNdefu

Mmenisogeza, sijafika mnapotaka lakini mmenisogeza. Nataka kuonja jiko mwenyewe. Hizo picha zinapatikanaje, au ni za wakubwa?

#17 PikseliMoja

Karibu sana mkuu. Za Landsat ni bure kwa yeyote tangu 2008, kumbukumbu yote hadi 1972. Kabla ya hapo picha moja ya Landsat 7 iliuzwa kama dola 600, ndiyo maana watafiti walikuwa wanabahatisha kwa picha mbili tatu. Za Sentinel ni bure pia. Unafungua akaunti, unachora mstatili kwenye ramani, unachagua tarehe.

Anza na Sentinel-2, pikseli zake za mita 10 zinapendeza macho. Chagua msimu wa ukavu. Ukikutana na picha za Landsat 7 zenye mistari myeusi ya kukatakata kama kitambaa kilichochanika, kompyuta yako ni nzima. Kifaa chake cha kunyoosha mistari ya picha kiliharibika Mei 2003 na kila picha ikawa inapoteza kama asilimia 22. Na usianze na mahali usipopajua. Anza na pale unapopajua kila njia, ili picha ikikudanganya ujue.

#18 KambaNdefu

Nimeshusha moja. Nimekesha wakuu, sikufichi. Nimeipata hadi barabara ya kwetu.

Kuna baka jeusi kusini-magharibi mwa mlima, kama hekta 6 hivi, na pale nilipita juzi tu, hapakuwa na maji wala hapakuungua. Nimepiga hesabu yako ya nyekundu na infraredi, imetoka ndogo sana.

#19 PikseliMoja

Saa nne asubuhi jua lilikuwa upande gani?

#20 KambaNdefu

Mashariki. Kaskazini-mashariki kidogo.

Subiri.

Kuna wingu. Nilikuwa nimelikata pembeni.